Viganja vya Lami kwenye Ukuta wa Ndegeni

Iko siku moja, mwanangu, ambayo naikumbuka mpaka harufu yake: chokaa mbichi, mafuta ya taa, na jasho langu mwenyewe, kijana wa miaka ishirini na moja niliyejiona nimesoma. Nimeificha siku hiyo kwa miaka mingi kuliko umri wa mama yako. Jumamosi iliyopita ilinitoka mbele za watu, katika maktaba moja kule Plymouth, huku Minnesota, Marekani, na mjukuu wangu Mghoi anasema niiandike kabla sijapoa. Sijapoa. Nimekaa jikoni kwangu hapa Hopkins, chai imeshafanya utando, na bado nimekasirika.

Nianze na mahali penyewe. Kwetu Taita, kwenye tambarare iliyo kando ya reli ya Mombasa, Waingereza walikuwa na uwanja wa ndege za vita. Wao waliupa jina la huko kwao. Sisi tulipaita Ndegeni, basi. Katika vita vya kwanza kilikuja kikosi cha ndege za mbao na kitambaa, zikaruka kuwatafuta Wajerumani upande wa Kilimanjaro. Vita vya pili vilileta kikosi cha ndege za mabomu zilizokwenda kupigana na Waitaliano Uhabeshi, na hapo ndipo uwanja ulipopanuliwa na banda kubwa la ndege likajengwa. Kikosi cha tatu kilitua wakati wa Hali ya Hatari, na mabomu yake yalikwenda kuangukia misitu ya bara walimokuwa ndugu zetu wapigania uhuru. Nembo za vikosi vyote vitatu zilichorwa kwenye ukuta wa banda lile: tai, simba mwenye taji, upanga wenye mabawa. Zilichorwa vizuri, siwezi kusema uongo.

Historia ya vikosi hivyo niliijua kwa kichwa. Waingereza walipoondoka, serikali yetu iliweka ofisi ndogo ya kuangalia majengo, nami nikaajiriwa karani, nimetoka shule ya bweni na shati langu la pasi. Kwenye droo nilikuta kitabu chao cha vikosi, nikakisoma mpaka kurasa zikalegea. Nilijua rubani gani aliangusha ndege gani, kamanda yupi alimfuata yupi, injini ya aina gani ilisumbua kwenye joto letu. Wenzangu waliniita Profesa, na mimi kichwa kikavimba. Ungeniuliza ni nani waliopasua mawe ya njia ya kurukia ndege, ningekwambia "vibarua", kisha nikaendelea na habari za injini.

Baba yangu, Mwakio, alikuwa mmoja wa vibarua hao. Yeye na mdogo wake walichukuliwa kwa amri ya chifu wakati wa vita vya pili, hawakuulizwa kama wanataka. Genge lao lilikuwa la watu kumi na tisa: Wataita, Wakamba, Waduruma na Mjaluo mmoja. Walipasua mawe kwa nyundo, wakavuta rola kwa kamba mabegani. Na walikuwa na desturi yao, kwamba kazi ikiisha hawaondoki bila kuacha mkono. Siku walipomaliza kipande cha mwisho cha Ndegeni, lami ilipopoa kidogo, nyapara wao Mutiso alimwambia kila mtu apake kiganja chake na kukigonga ukutani, chini kabisa, mahali ambapo Wazungu hawangehitaji kuchora. Mghanga, aliyekuwa amesoma misheni, akaandika jina chini ya kila kiganja kwa kijiti.

Miezi michache baadaye yule mdogo wa baba alikufa. Walikuwa wakijaza ndege petroli, pipa likashika moto, naye ndiye aliyekuwa karibu. Walimzika ndani ya uzio. Halafu walipourefusha uwanja, njia ya ndege ikapita juu ya kaburi lake. Nakwambia hili polepole kwa sababu nikilisema haraka nitavunja kikombe hiki. Ndege zilikuwa zikitua juu ya baba yangu mdogo. Kile kitabu cha vikosi kimeitaja ndege iliyoungua siku hiyo, namba yake, na hata jina la rubani ambaye hakuwamo. Kibarua aliyeungua hayumo.

Kwa hiyo nyanya yangu alibaki na ukuta. Kila mwaka baada ya kuvuna, baba alimpeleka Ndegeni, askari wa lango akawaruhusu, naye akaweka kiganja chake juu ya kiganja cha mwanawe. Alimpa habari za nyumbani, nani ameoa, mvua ilikuwaje, kisha wakarudi. Miaka ya mwisho alikuwa haoni. Alipapasa tu, maana lami ile ilikuwa imetuna, na kidole kidogo cha mwanawe kilikuwa kimepinda, hakuweza kukikosa. Yote haya niliambiwa nikiwa mdogo. Usifikiri sikuambiwa. Niliyachukua kuwa mambo ya wazee.

Basi ikaja barua kwamba afisa mstaafu wa kikosi cha pili anakuja kutembelea, pamoja na mpiga picha. Mkuu wangu, Mwafrika mwenzangu, aliniambia nisafishe ukuta wa banda. Hilo tu. Hakusema nini kibaki na nini kitoke. Hilo niliamua mwenyewe kwa akili yangu timamu. Nembo nilizifunika kwa magazeti, nikayabandika kwa uji wa unga wa ngano ili hata tone la chokaa lisiziguse. Kisha nikatazama kule chini, nikaona madoa meusi na maandishi yaliyokwenda upande. Nikajiambia, Mzungu akiuona uchafu huu atatuonaje? Chokaa ilikataa kushika juu ya lami. Nikaleta mafuta ya taa na brashi ya waya, nikakwangua siku mbili, na nilikuwa napiga mluzi.

Afisa alifurahi sana. Alinipa mkono, tukapigwa picha mbele ya nembo, mimi natabasamu kama mtu aliyepewa shamba.

Wiki mbili baadaye nyanya akaja, baba akimshika mkono. Nilikuwa ofisini, nikamwona kupitia dirisha. Alianza mahali pake pa siku zote, akasogea kushoto, akarudi kulia, akapiga magoti na kupapasa mpaka pale ukuta unapokutana na sakafu.

"Mwakio," akamwambia baba, "umenileta kwenye ukuta mwingine."

Baba akageukia dirisha langu. Alikuwa ameshaniona. Akaja mpaka mlangoni pa ofisi. Alikuwa mtu asiyepaza sauti, na siku ile pia hakuipaza.

"Ni wewe?"

Nikasema mkuu ndiye aliyeniagiza.

"Mkuu alikuagiza ufunike za Wazungu kwa gazeti?"

Nikaanza kusema habari za mgeni na picha, akanikata.

"Wazungu walimzika ndugu yangu wakapitisha ndege juu yake," akasema. "Hao hawakumjua. Wewe nilikupa jina lake, Maganga, na ni wewe uliyemkwangua kwa waya."

Akanishika mkono kama mtoto mdogo, akanisimamisha mbele ya ukuta, nyanya akiwa amekaa chini ameegemea chokaa yangu. Akanitajia majina ya genge moja baada ya jingine, akianzia kushoto walivyokuwa wamepangana, nami nikayarudia mpaka yakakaa yote kumi na tisa. Nyanya hakurudi tena Ndegeni. Alifariki kabla ya mavuno mengine.

Unadhani baada ya hapo niliyaandika majina yale? Sikuandika. Niliona aibu, na mtu mwenye aibu hutafuta kuondoka. Nilikwenda Nairobi, nikaoa, nikazeeka, mwishowe binti yangu akanileta huku Minnesota.

Sasa sikia ya Jumamosi. Mghoi ni nesi, na mgonjwa wake mmoja alimsikia akisema babu yake alikuwa karani wa uwanja wa Waingereza kule Taita. Kumbe yumo katika chama cha wazee wapenda ndege za zamani, na chama hicho kilikuwa kimeandaa mhadhara juu ya uwanja huohuo. Nikaalikwa kama mgeni. Msemaji alikuwa mwalimu mstaafu kutoka Anoka, mtu mpole, ameleta picha zake zimepangwa vizuri. Akazungumza saa nzima. Kikosi cha kwanza, cha pili, cha tatu. Makamanda. Injini. Nilijikuta namtangulia kila jambo kabla hajalisema, kwa sababu kichwa changu bado kimejaa kitabu kile, na hasira ikaanza kunipanda hapo hapo.

Halafu akaonyesha picha ya ukuta. Tai, simba, upanga, na kijana mwembamba mwenye shati jeupe anatabasamu. Akasema wenyeji walizitunza nembo hizi kwa upendo mkubwa, na aliyezitunza tunaye hapa leo. Wakapiga makofi. Wengine walisimama.

Mghoi akaniinamia. "Babu, sema tu something nice, two minutes, halafu twende. Nina shift saa tisa."

Nikasimama. Nilianza kwa Kiingereza, lakini Kiingereza changu huikimbia hasira, nikamwambia Mghoi atafsiri.

"Chini ya nembo hizo mnaona nini?" nikauliza.

"Ukuta," akajibu mwalimu. "Ukuta mweupe."

Nikawaambia kulikuwa na nini. Sauti ya Mghoi ilianza kutetemeka alipofika kwa nyanya, kwa sababu na yeye alikuwa anaisikia kwa mara ya kwanza. Mwalimu akasema pole, akasema angependa sana kuwaweka vibarua katika historia yake, ila bahati mbaya hakuna kumbukumbu yoyote iliyobaki.

"Kumbukumbu ilikuwepo," nikamwambia. "Niliikwangua mimi, kwa mkono huu."

Hakuna aliyepiga makofi. Nikaanza kutaja majina, kutoka kushoto. Mutiso. Mghanga. Nyawa. Mwakio. Maganga. Ochieng'. Mwambi. Kilonzo. Nikaenda hivyo mpaka la kumi na nne, nikasimama. Nikarudi nyuma ili nipate kasi, nikasimama palepale. Mghoi akaninong'oneza, "Endelea, Babu. Si ulisema ni nineteen?"

Waliobaki sikuwa nao, mwanangu. Wanaume watano waliovuta rola kwa mabega wamenitoka kichwani, na jina la rubani yule ambaye hata hakuwamo kwenye ndege siku ya moto ninalo mpaka leo, na cheo chake.

Mwalimu aliyaandika yale kumi na manne kwenye karatasi, kwa uangalifu, akaniuliza herufi za kila moja. Alinishukuru. Sina ugomvi naye. Yeye ametafuta kilichoandikwa na waliojua kuandika, akakikuta. Ugomvi wangu ni na kijana wa shati jeupe, na kwa kuwa yeye simpati tena, nagombana na wewe.

Ndiyo, wewe. Unayesoma hii kwenye simu wakati wa mapumziko ya kazi, unayewajua wachezaji wa timu za Uingereza kutoka kipa mpaka wa akiba. Baba wa babu yako aliitwa nani? Alifanya kazi gani, na wapi? Usinijibu kwamba utampigia shangazi siku moja. Shangazi anazeeka wakati wewe unatazama mpira. Na juzi, hapa hapa mtaani kwangu, nimewaona vijana wetu wakisafisha nyumba ya mama yao aliyefariki. Picha, barua, madaftari ya kanisa, vyote kwenye mifuko myeusi ya taka, kwa sababu kodi ya mwezi ilikuwa inaisha. Nilitaka kuwapigia kelele. Nikakumbuka mluzi wangu, nikanyamaza. Nilikosea kunyamaza, na sitarudia.

Nasaha yangu ni hii. Kabla hujafuta kitu, uliza mkono wa nani ulikiweka pale. Ukiambiwa ni uchafu, uliza tena, hasa ukijiambia mwenyewe. Historia ya wengine isome, si dhambi, mimi bado naipenda ile nembo ya tai. Ila usiijue kwa kichwa kabla hujajua majina ya waliokulea na waliowalea wao. Na ukipewa majina, yaandike siku hiyohiyo. Usiyaachie kichwa cha mzee. Mghoi sasa ananirekodi kila akinipeleka kanisani, ananiuliza, "Leo umempata mwingine?" Sijampata. Kama una mzee wa kwenu aliyevunja mawe Ndegeni, muulize alisimama na nani, uniletee jina moja tu, nitalipokea kwa mikono miwili.

Mungu akubariki, mwanangu, na kila unachojenga katika nchi hii ya watu. Awape watoto wako masikio niliyokosa mimi. Akupe maisha marefu, na wa kukutaja baada ya hapo. Na kama huko aliko nyanya yangu bado anapapasa ukuta, namwomba Mungu amwongoze mkono mpaka kwenye kile kidole kilichopinda.