Kiungo Aliyeagia Dukani

Wiki ile msako wa pasipoti ulipopamba moto hapa Guangzhou, nilikuwa kwenye duka la jezi, mtaa wa Zhanxi. Televisheni ya dukani ilimwonyesha kiungo wa Kijapani akimaliza mechi yake ya mwisho kabla ya kustaafu. Mfanyabiashara mwenzangu wa Morogoro, aliyewahi kucheza namba hiyohiyo nyumbani, aliganda na furushi begani.

“Polisi! Kaka, pita mlango wa nyuma, viza yako imekwisha!” nikamwambia.

“Ngoja kidogo, anaaga.”

Mjapani akauinamia uwanja, mashabiki wakasimama kumpigia makofi. Polisi wakaingia, wakamshika mwenzangu mkono. Mlangoni akageuka, akaliinamia duka vilevile.

Mimi, mwenye viza halali, nilikuwa nimejibanza nyuma ya marobota. Hata makofi sikumpigia.