Chenga Kwenye Kanda, Jicho la Bibi

Deki ya video ya mama mkubwa ilikuwaga haiguswi akiwa hayupo. Yeye alikuwa fundi wa kushona mjini Musoma, mimi nilikaa kwake Kitaji kwa ajili ya shule.

Ijumaa ile niliwahi kurudi kutoka shule. Kulikuwa na kanda ya kuazima, picha ya Kihindi ya kutisha, imenakiliwa mpaka rangi zimepauka. Mwanamke anatoka kaburini kwa nguo nyeupe, anafukuza watu, halafu wanaofukuzwa wanasimama wanaimba. Picha ilikuwa inachezacheza. Nikajifanya fundi. Nikafungua deki, nikaona kile kichwa kinachozunguka, nikafikiri ni kama cherehani, kikikauka kinataka mafuta. Nikakidondoshea mafuta ya cherehani.

Zikaja chenga tupu, vidoa vyeupe kioo kizima. Uso wa yule marehemu ukapotea kabisa.

Hapo ndipo bibi akaingia. Alikuwa amekuja kutoka kijijini kwake Kibara kutibiwa macho. Jicho moja lilikuwa limeshafanyiwa operesheni, bandeji imetolewa juzi tu, na la pili lilikuwa la Jumatatu. Lile la kwanza alikuwa bado hajaliamini.

"Mjukuu wangu, mbona kama dagaa wanarukaruka usoni kwa huyo mama?"

Ningesema tu. Lakini bibi akijua, na mama mkubwa atajua.

"Hamna dagaa, Bibi. Picha iko safi."

"Wewe unamwona?"

"Namwona. Ana meno marefu."

"Na nywele?"

"Zimefika kiunoni."

Akafunika jicho moja kwa kiganja, kisha lingine. Hata wimbo ulipoanza hakutingisha kichwa.

Jumapili, tulipotoka kanisani, bibi akafunga mzigo wake.

"Mama, daktari anakusubiri kesho!" mama mkubwa akasema.

"Anisubiri. Hili wamelichokoa, sasa linaona dagaa. Lingine nitazikwa nalo kama lilivyo."

"Sasa mimi nimwambie nini?"

"Mwambie nimeenda kuanika dagaa."

Mimi nilikuwa nimeshika kikapu chake. Nikambebea mpaka stendi, nikamsaidia kupanda, nikampungia mkono kama mtoto mwema.

Nilisema jioni ile, mama mkubwa alipowasha deki akakuta chenga. Hakunipiga. Afadhali angenipiga. Alikaa chini, akashika kichwa.

"Jumamosi utaenda Kibara. Utamwambia mwenyewe, kwa mdomo huo huo."

Nilifika mchana. Bibi alikuwa anachambua mchanga kwenye ungo wa dagaa. Nilimwambia yote, mpaka mafuta. Hakuinua uso.

"Kumbe nilikuwa naona."

"Ulikuwa unaona, Bibi."

"Na wewe ulikuwa unaona hivyo hivyo."

"Ndiyo."

"Yale meno?"

"Niliyatunga."

Akachambua mpaka ungo ukaisha. Kisha akasema sawa, atarudi hospitali, mama mkubwa ampangie siku nyingine. Nikashusha pumzi. Nikafikiri yameisha.

Asubuhi akatoa barua ya mjomba iliyofika katikati ya wiki, bado haijafunguliwa. Kila nilipokwenda Kibara, mimi ndiye niliyekuwa namsomea barua zake. Nikanyoosha mkono.

"Acha," akasema, akaikunja kwenye pindo la kitenge. "Katekista atanisomea."