Mtamba wa Jirani

Baba alishinda mtamba wa jirani yetu kwa kubashiri mechi iliyokuwa ndani ya filamu.

Jana umeme ulikatika Bariadi, jenereta ya dukani ikawashwa, na harufu ya petroli ikanirudisha kwenye kibanda cha video cha Lalago, siku ya mnada, nikiwa nimepakatwa na baba. Tuliingia filamu ikiwa katikati. Timu ya taifa ya kisiwa kidogo, ambayo haikuwahi kushinda, ilikuwa nyuma kwa bao moja. Kipa wake alikuwa mnene, na kaptula ilikuwa ikimvuka.

Jirani, tuliyeingia naye na ambaye hakuwahi kuona filamu, aliamini mechi inachezwa saa ile ile.

"Hawa hata vijana wa Migato wangewafunga!" akacheka.

"Mimi niko nao," baba akasema. "Weka mtamba wako, naweka dume langu."

"Bhabha, leo utalia," jirani akamjibu.

Kisiwa kilishinda mbili kwa moja. Jirani alitoka, akafungua kamba ya mtamba wake wa pekee aliyekuwa amemfunga nje, akamkabidhi baba. Nimekua kwa maziwa ya uzao wa mtamba yule.

Miaka yote niliamini kwamba baba naye alidhani ni mechi ya kweli. Lakini jana, harufu ile ikiwa puani, nilikumbuka jambo lililoniduwaza. Kipa alipoteleza na kuukalia mpira, kibanda kizima kiliangua kicheko. Tumbo la baba lilikuwa limeanza kutikisika kwa kicheko mgongoni mwangu kabla kipa hajateleza.