Gyalzen, Aliyekufa Kwenye Filamu

Kumepambazuka Khumjung, kijiji cha Washerpa milimani Nepal. Gyalzen anachoma majani ya mtarakwa mbele ya nyumba yake, kama wafanyavyo waongoza wapanda mlima wote kabla ya safari. Kamba ameziviringisha, meno ya chuma ya viatu vya barafu ameyanoa. Tatizo, hana wa kupanda naye.

Wenzake wanapita na mizigo mgongoni.

"Marehemu, umeamkaje?" mmoja anamtania.

"Nimeamka, ndilo kosa langu," anajibu.

Wanacheka, wanakwenda zao. Yeye anabaki na moshi wake.

Miaka miwili iliyopita, watu wa filamu kutoka Kathmandu walimchukua aigize mwongoza wapanda mlima anayetumbukia kwenye ufa wa barafu. Walipouliza mhusika aitwe nani, akawaambia watumie jina lake mwenyewe.

"Niliogopa wakiniita kwa jina la mtu mwingine nitasahau kugeuka," anasema. "Mjinga mimi!"

Kwa Washerpa, mtu akishafariki jina lake halitajwi ovyo. Ndani ya filamu hiyo, taa za siagi zinawashwa, na lama, mtawa wa Kibudha, anamwombea Gyalzen, kwa jina, safari njema ya wafu. Siku ilipoonyeshwa shuleni hapa kijijini, mama yake, Ang Chokpa, aliinuka akatoka.

Tangu siku hiyo hajamwita jina. "Kwake mimi ni 'wewe'," Gyalzen anasema. "Wewe, njoo ule. Wewe, funga mlango."

Malipo ya filamu yalitosha kuezeka paa jipya. Lakini mlimani, alikokuwa akipata riziki ya mwaka mzima kwa msimu mmoja, hakuna anayetaka kufungwa naye kamba moja. Hata Futar, jirani yake wa ukuta kwa ukuta, aliyepanda naye misimu tisa.

"Nakupenda, kaka," Futar alimwambia, macho chini. "Ila nimeshakuona ukifa. Tukifika kwenye ule ufa kamba itaniponyoka, tutakwisha wote."

Mimi ninayeandika haya nimekaa hapa miaka mingi, siwezi kumlaumu Futar. Lakini inauma kumwona mtu mzima, mwenye afya zake, akila viazi peke yake huku wenzake wakipanda.

Dawa ipo. Hapa mtoto anayeuguaugua hubadilishwa jina ili balaa limpotee. Lama amekubali kumpa Gyalzen jina jipya mwezi ukiwa mpevu, na Futar ameahidi kwamba likishazoeleka, atafunga kamba naye.

"Jina nitapewa," anasema. "Kazi ni kumpata wa kuniita."

Sauti ya mama yake inatoka jikoni: "Wewe! Chai inapoa!"

Gyalzen anageuka upesi, kisha ananiinamia.

"Siku nitakayopewa jina nitakaa hapahapa mlangoni. Mama akisema 'wewe', nitajifanya kiziwi, mpaka aniite jina jipya. Na aite kwa nguvu, Futar asikie."