Kanga Begani mwa Bibi Harusi

Mama wa Kikongo anayesuka nywele Xiaobei, mtaa wa Waafrika katika mji huu wa Kichina, alinikubalia nilipomwomba mara ya tatu. Nilikuwa nimemaliza chuo, nasubiri majibu ya kazi, na wenzangu walitaka onyesho fupi la kuagana. Wakati wa vita kwao, yeye alishikiliwa kwenye kambi ya mpito, wafungwa wakisubiri malori ya kuwapeleka wasikokujua. Humo wanawake waliigiza harusi, na harusi hiyo ndiyo niliyomwomba atuonyeshe. Chandarua kilikuwa shela, ndoo ikawa ngoma.

“Mlinzi akikugusa bega, umeitwa, lori yako imefika,” aliniambia huku akinisuka. “Unanyamaza. Mwenye kuwa pembeni anashika wimbo. Harusi haiwezi kukatika.”

“Walioitwa walirudi?”

“Inamisha kichwa, mtoto yangu.”

Tangu vita hakuwahi kuuimba wimbo ule mbele ya watu. Wiki nzima sikulala vizuri. Je, akizimia? Je, akilia, nani atakuwa amemtonesha kidonda kama si mimi? Niliwaza viti, kipaza sauti, hata maji ya kunywa yawe ya moto au baridi. Sikuwawaza wafanyabiashara wetu wa Unguja.

Alasiri ya onyesho, kwenye ukumbi wa mgahawa, alisimama na chandarua kichwani, mimi kando yake na ndoo. Ubeti wa kwanza ukapita. Sauti yake ilikuwa nyembamba, lakini haikutetemeka. Wa pili ukapita. Nikaanza kupumua. Ndipo bibi mmoja wa Unguja, anayekuja kununua mikoba kwenye viwanda vya Shiling, akainuka kutoka viti vya mbele akicheza, kanga mkononi, aje kutunza kama wafanyavyo kwao wimbo ukimkolea mtu.

“Hebu nipisheni! Bibi harusi mzuri hivi, hana hata wifi wa kumtunza?”

Watu wakacheka. Nilitaka kupiga kelele. Mikono yangu ikaendelea kupiga ndoo. Yule bibi akamwekea Mama kanga begani, kwa mapenzi kabisa.

Mama akanyamaza.

Hakulia. Alivua chandarua, akanivika mimi, akageuka kutazama ukuta, mikono nyuma.

“Jamani, nimemkosea nini?” aliuliza yule bibi.

Nikimkimbilia Mama, harusi imekatika. Nikiimba, ni kama namsindikiza kwenye lori. Nilishika ubeti wa tatu, macho yangu yakiwa mgongoni mwake. Nilipoumaliza hakuwa amegeuka, na mimi sikuthubutu kunyamaza. Nikauanza tena.