Uso wa Nekesa Kifuani Mwangu

Nimekosa, na kioo changu nimekigeuzia ukutani.

Niliporudi kutoka Uarabuni, watu wa mtaa wetu wa Mashimoni walisema sitaweza lolote. Kwamba mwanamke aliyezoea kudeki nyumba za wenyewe hawezi mbio ndefu, sembuse kutetea haki za watu. Niliweza yote mawili! Nilijisomesha hadi diploma, nikawa nakimbia barabarani ili Nairobi izungumzie wanawake wanaopigwa majumbani. Sikubebwa na mtu.

Ndipo kichwa kikavimba.

Nekesa, si jina lake halisi, alimtoroka mumewe katika mtaa jirani wa Silanga akiwa na jicho limefura likafunga. Mimi ndiye niliyemficha mtaa wa Kawangware, akapata chumba na kibanda cha kuuzia mboga za sukuma wiki. Mimi ndiye niliyelipiga picha lile jicho, liwe ushahidi kortini.

Picha hiyo nikaichapisha kwenye tisheti. Sikumwuliza. Nilijidanganya kwamba namtetea, kumbe nilitaka kamera.

Siku ya mbio nilisimama Silanga na kipaza sauti, nikatangaza kwamba nakimbia hadi mlangoni kwa mwenye uso huu. Nikapita Soko la Toi, nikashika njia ya Kawangware. Bodaboda moja ilinifuata safari nzima, abiria akinishangilia.

"Kaza, madam! Tuko nyuma yako."

Nikampungia mkono, ingawa sikumjua. Shabiki, nikasema moyoni. Lo!

Nekesa alitoka kuniangalia. Akakiona kifua changu. Kisha akamwona aliyeshuka kwenye bodaboda nyuma yangu.

Alikuwa mumewe.

Alimkamata nywele kabla sijageuka. Majirani ndio waliomwokoa, kwa miko na sufuria. Mimi, bingwa wa mbio, nilisimama pale nikihema kama mbuzi.

Jioni Nekesa alifunga virago. Nikamwomba nimtafutie chumba kingine. Akaitazama tisheti, bado imeninata kwa jasho.

"Madam, kwetu uso wa mtu huwekwa kwa tisheti akishakufa," akasema. "Ulikuwa unaniharakishia?"

Hakuniambia anahamia wapi. Mumewe alipelekwa polisi, akaachiliwa: mlalamishi hayupo. Sasa yuko Silanga, na tukikutana hunisalimia vizuri sana. Ptuu!

Nyinyi mnaotetea watu, mwulizeni mtu kabla ya kubeba uso wake. Akikataa, kimbieni na tisheti tupu. Yangu nimeifua mara nyingi. Lile jicho halitoki.