Fagio na Mafaili Mawili Yenye Jina Moja

Hakuwa na cheti cha kompyuta. Hakuwa na kiti chenye mgongo, wala kibao cha tangazo mlangoni, wala mtu wa kumuuliza mashine inapogoma. Miwani alikuwa nayo, lakini ilikuwa ya mke wake. Alichokuwa nacho tele ni usafi, na huo usafi ndio uliokaribia kumuaibisha mbele ya mkwe.

Ni saa mbili asubuhi. Mtu ambaye mtaa mzima unamwita Fagio anasugua kibodi kwa mswaki mkuukuu, kitufe baada ya kitufe, huku mteja wa kwanza akisimama mlangoni na karatasi mkononi.

"Baba, mimi nina haraka."

"Na mimi nina vumbi," anajibu Fagio bila kugeuka.

Kwa miaka kumi na minane alikuwa mfagizi wa shule ya sekondari. Shule iliponunua kompyuta mpya, ikampa moja ya zamani kama zawadi ya kumuaga. Akaiweka kwenye chumba cha mbele cha nyumba yake, na sasa anaandika barua za watu na kutengeneza kadi za mialiko. Siku nzuri huhudumia watu kumi na wawili. Siku mbaya humhudumia mke wake, ambaye halipi.

Wiki iliyopita binti yake alipangiwa tarehe ya harusi. Baba wa bwana harusi, mtu anayevaa tai hata siku za mapumziko, alitaka kadi zichapishwe mjini. Fagio akainuka mbele ya wageni wote.

"Mkwe, kadi za mwanangu nitazitengeneza mwenyewe."

"Sawa, mkwe," alijibu yule bwana taratibu. "Nitumie ya kwanza niione. Ijumaa ikipita bila kadi, nakwenda kwa mchapishaji."

Fagio akaona kazi kubwa kama hiyo haifai kuanzwa na kompyuta chafu. Hakuishia kwenye kibodi. Aliingia ndani kabisa, kwenye mafolda, akakuta mafaili ya draiva ya picha, ile programu inayoiwezesha kompyuta kuchora vitu kwenye skrini. Kila faili lilikuwa na pacha: jina lile lile, folda tofauti.

"Nilifungua moja nione lina nini," anasimulia. "Nikakuta herufi kama kuku amekanyaga wino akapita juu ya karatasi. Nikasema, huu ni uchafu, tena umerudiwa mara mbili."

Akafuta pacha mmoja wa kila jozi.

"Haikukukataza?" anauliza mteja mlangoni.

"Iliniuliza mara tatu kama nina uhakika. Nikadhani ni adabu tu, kama mgeni anayekataa chai mara ya kwanza."

Alipowasha tena, kila kitu kilikuwa shwari. Barua zilifunguka, filamu zilicheza. Programu ya kadi peke yake ndiyo iliyogoma, ikasema kuna faili haioni. Ilikuwa Jumatano.

Fundi wa kompyuta wa mtaa huo ni mwanamke kijana mwenye kibanda kando ya duka la viatu. Alikuja, akasikiliza, akacheka mpaka akaweka bisibisi chini.

"Baba, faili lile si la wewe kufungua," alimwambia. "Ni la programu. Programu ya kadi haijui kuzungumza na skrini. Inakwenda kwa faili la draiva inasema, nisaidie kupaka rangi ya dhahabu hapa. Ndiyo maana tunayaita mafaili ya maktaba. Yanakaa, yanangoja kuulizwa."

"Na kwa nini yawe mawili, mwanangu?"

"Moja huzijibu programu mpya, la pili huzijibu za zamani. Jina moja, kazi mbili. Filamu zako zinacheza kwa kuwa programu yake ni mpya. Ya kadi ni ya zamani, nawe umemfukuza mwenzake."

Fagio hakukubali upesi. "Vitu viwili vyenye jina moja ndani ya nyumba moja ni fujo."

Hapo mke wake akaingilia. "Humu ndani tuna mama yako na mama yangu. Watoto wanawaita wote Bibi. Wa kusuka nywele wanakwenda kwa mmoja, wa hesabu za shule kwa mwingine. Ungemwondoa mmoja kwa kuwa jina ni lile lile?"

"Yupi?" aliuliza Fagio.

Kutoka chumba cha ndani sauti mbili zilijibu kwa pamoja: "Tumesikia!"

Ili kujikomboa, Fagio akasema ameona tovuti inayogawa faili hilo moja bure. Fundi akamkazia macho.

"Baba, ungeokota mswaki barabarani ukausugulia meno?"

Fundi akaingia kwenye tovuti ya kampuni iliyotengeneza kifaa cha picha kilichomo ndani ya kompyuta hiyo, akachukua draiva nzima inayolingana nacho, akaipachika upya pamoja na mapacha wote. Kompyuta ikazimika, ikawaka, skrini ikabaki nyeusi.

"Pale nilizeeka," anakumbuka Fagio.

Kisha maua ya dhahabu yakachomoza pembeni mwa kadi, na jina la binti yake katikati.

Leo ni Ijumaa. Kadi ya kwanza imeshachapishwa, wino wake umekauka mezani. Fagio anasema harusi ikipita atajiandikisha masomo ya jioni ya kompyuta, katika shule ile ile aliyofagia. "Viti vya darasa lile nimevipandisha juu ya meza miaka yote," anasema. "Sasa nataka kukalia kimoja."

Anaazima miwani ya mke wake, anaandika barua fupi ya kuambatana na kadi, anaisoma kwa sauti:

"Mkwe, kadi ndiyo hii. Ukiona kitu usichokielewa, tafadhali usikifute. Niulize kwanza."

Anaikunja, anaitia kwenye bahasha pamoja na kadi, anapaka gundi, anabana. Kisha anatoa kitambaa, anaifuta bahasha mbele na nyuma.

"Mzee, imeng'aa hiyo," anasema mlangoni mwendesha pikipiki atakayeipeleka kwa mkwe, injini ikinguruma. "Nipe niende."

Fagio anafuta kona ya mwisho, anampa.